Tulivyokwenda Kuposa kwa Mtengeneza Brashi wa Freiburg

Kila nikikutana na mmoja wenu, iwe kanisani, kwenye bucha au kazini tukipishana zamu, swali ni lile lile: "Shangazi Rehema, Ujerumani kulikuwaje?" Nikianza kusimulia mnanikatiza, huyu anataka habari za chakula, yule anataka habari za bibi harusi. Basi nimeamua kuandika, na karatasi haikatizwi. Mambo ya tiketi na viza nayaruka, kwa sababu nyote mmeshayapitia na hakuna anayetaka kukumbushwa.

Kwa wale wageni kati yetu: Elia ni mtoto wa marehemu kaka yangu. Nimemlea tangu ana miaka sita, kwanza Korogwe, kisha hapa Beltsville, Marekani. Alipata kazi ya maabara kwenye kituo cha utafiti wa kilimo hapa kwetu, na humo akakutana na Hanna, binti wa Kijerumani aliyekuja kwa mwaka mmoja kusoma habari za nyuzi za mimea. Mapenzi yakakolea. Hanna aliporudi kwao Freiburg, haukupita muda Elia naye akachukua likizo ndefu akamfuata. Kisha ikaja simu. Hanna anataka, mama yake anataka, lakini baba yake, Bwana Walter, hasemi ndiyo wala hapana. Na Hanna alikuwa amesema wazi kwamba hataolewa wala kuhamia Marekani bila neno la baba yake.

"Nikimwambia, ana-change tu topic, Shangazi," Elia alilalamika.

"Unamwambia wewe mwenyewe?"

"Sasa nani amwambie?"

Nilitaka kumpiga kofi kupitia simu. Kijana mzima, nimemlea mimi, anakwenda kujiposea mwenyewe kama mtu asiye na ndugu! Siku hiyo hiyo nilianza kutafuta mshenga.

Kutoka Beltsville hadi Dulles

Mshenga niliyempata mnamjua: Papa Kalonji wa Springfield, yule Mkongo ambaye hakuna harusi ya Waswahili Maryland wala Virginia inayopita bila yeye kusimama na kusema. Mtaniuliza kwa nini Mkongo aposee Mtanzania. Kwanza anajua kusema. Pili, Elia alinitonya kwamba mama yake Hanna anajua Kifaransa, maana Freiburg iko karibu na mpaka wa Ufaransa. Mimi Kiingereza, Papa Kifaransa, nikaona tumekamilika.

Nilimfuata kwake nikiwa nimejipa saa tatu za akiba. Nikamkuta kwenye ngazi amevaa suti ya rangi ya maziwa, kofia, na fimbo, na mkewe Mama Béa akimpangusa mabega. Ndani ya sanduku lake mlikuwa na suti mbili zaidi.

"Papa, tunakaa siku nne tu."

"Tantine," akasema, maana shangazi kwao huitwa hivyo, "mi naenda kuomba mutoto ya batu. Unataka nivae jeans?"

Barabara ikatufungia pale pale kwenye makutano ya Springfield. Papa alitumia foleni ile kuniuliza ukoo mzima wa Elia, mpaka babu wa babu, akiuandika nyuma ya bahasha. Mimi nilikuwa naangalia saa na kunung'unika. Tulipofika uwanja wa ndege wa Dulles walikuwa wameshaanza kuita abiria wa ndege yetu, nikakimbia na kikapu cha posa kichwani, naapa, kichwani, kwa sababu mikono yote ilikuwa na mizigo. Mzungu mmoja akanipigia makofi.

Kikapuni mlikuwa na doti mbili za khanga, kahawa ya Usambara, na barua ya posa niliyoiandika kwa mkono na kuifunga kwa kitambaa cheupe.

Behewa la watu wasiosalimiana

Frankfurt tulipanda treni ya kwenda Freiburg. Papa aliingia behewani akavua kofia na kusalimia kwa sauti ya mahubiri. Watu wakainua macho, wakayashusha.

"Batu ya hapa habasalimiane?" akaniuliza, ameumia kweli.

Tukakaa. Akatoa bahasha yake akaanza kufanya mazoezi ya hotuba ya posa, kwa Kifaransa, na mikono. Mwanamke mmoja mwenye mbwa akatuelekezea kidole ukutani, penye picha ya uso uliowekewa kidole mdomoni. Papa akaitazama sana, akaniinamia akanong'ona: "Bon. Anatuambia hii maneno ya posa ni siri, tusitoe mbele ya batu." Akamshukuru yule mama kwa heshima zote na kunyamaza. Mimi nilikuwa nimeshaelewa kwamba tumekaa kwenye behewa la watu wanaotaka utulivu, lakini kwa kuwa amenyamaza, nikaona nisiharibu.

Mahali paitwapo Offenburg treni ilisimama. Tangazo la kwanza, la pili, la tatu, na kila tangazo Wajerumani wakapumua kwa nguvu kidogo zaidi. Tulikaa pale zaidi ya saa nzima. Nyie mliokuwa mkinihubiria kwamba kwa Wajerumani kila kitu kinakwenda kwa saa, mje mnione. Lakini niseme ukweli, kuchelewa kule ndiko kulikowafungua midomo. Yule mama mwenye mbwa alitoa mkate wa kahawia uliosokotwa kama fundo, wenye chumvi ya mawe juu, akaukata mara tatu. Akauliza kwa Kiingereza tunakwenda wapi. Nikamweleza. Akawatafsiria waliokuwa karibu, na ghafla behewa zima la kimya likawa linazungumza juu ya posa yetu.

"Kwa hiyo mnakwenda kumwomba baba?" aliuliza. "Siku hizi? Na akikataa?"

"Tutarudi tena," nikasema, ingawa nauli ya kurudi tena sikuwa nayo hata ya kuota.

Elia alitupokea kituoni. Amenenepa, na anavuka barabara kwa kufuata taa hata kama hakuna gari. Nikamkumbatia mpaka akaniomba nimwachie apumue.

Juu ya duka la brashi

Siku ya posa ilikuwa Ijumaa saa tisa alasiri. Kwa desturi Elia hakutakiwa kuonekana, wala Hanna kukaa sebuleni, kwa hiyo yule kijana alitusindikiza hadi mwanzo wa mtaa, akatuonyesha nyumba kwa mbali, kisha akavuka upande wa pili akaanza kujifanya anaangalia viatu dirishani.

Mtaa wenyewe unaitwa Kaiser-Joseph-Straße, ndio moyo wa mji. Magari ya kawaida hayapiti, ni watu na tramu tu. Upande wa kusini kuna lango refu la kale, tramu zinapita chini yake. Karibu na lango hilo ndipo kuna duka la Bwana Walter, linalouza brashi peke yake. Brashi za nguo, za viatu, za chupa, za kusugulia mgongo. Mbele ya mlango, kwenye njia ya miguu, kuna picha ya brashi iliyopangwa kwa kokoto ndogo za mtoni. Mlango ulikuwa umefungwa na karatasi iliyoandikwa kwa mkono imebandikwa. Nikadhani wamefiwa.

Kumbe alikuwa amefunga duka kwa ajili yetu. Hilo nililijua baadaye.

Bi. Ute, mama yake Hanna, alitufungulia, akatupandisha ngazi mpaka sebuleni. Bwana Walter alikuwa amesimama, mrefu, mwembamba, ana tai. Mezani kulikuwa na keki tatu. Nasema tatu! Moja nyeusi yenye cherry na krimu, moja ya tufaha, moja ya jibini. Vikombe vyenye ukingo wa dhahabu. Bi. Ute akakata kipande kikubwa akanisogezea.

Sasa ninyi mnajua. Kwetu, na kwa akina Papa pia, wajumbe wa posa hawaonji kitu mpaka waseme kilichowaleta na wasikilizwe. Ukila kwanza, umeuza neno lako. Papa akaweka mkono kifuani akasema kwa Kifaransa kwamba tunashukuru sana lakini hatutakula. Akanyamaza, akingoja mwenye nyumba aulize, "Basi wageni, mmeletwa na nini?" Maana ndivyo inavyokwenda, mwenye nyumba huuliza.

Bwana Walter hakuuliza. Angejuaje kwamba ni zamu yake? Yeye alingoja tule. Sisi tukangoja aulize. Saa ya ukutani ikafanya kazi yake. Bi. Ute aliitazama ile keki nyeusi, kisha akanitazama mimi, na nikaona macho yake yanalengwa na machozi. Mama wa watu alikuwa ameoka siku mbili.

Hapo Bwana Walter akachukua koti lake. Akaniambia kwa Kiingereza, taratibu, kama mtu anayemuaga mgonjwa kitandani: "Labda tukatembee kidogo. Niwaonyeshe mtaa."

Nikajua tumefukuzwa. Kwetu mwenye nyumba akikutoa nje kabla hujasema, ameshakujibu. Nilishuka zile ngazi nikifikiria nitamwambia nini Elia aliyekuwa bado anaangalia viatu vile vile.

Kutoka langoni hadi kwa mpanda farasi

Alianzia langoni. Akatueleza kwamba ni moja ya malango mawili tu yaliyobaki ya ukuta wa kale, na kwamba mnara wake uliongezwa urefu baadaye, majengo mapya yalipouzidi ukaonekana kibete. Kisha akatembea, sisi nyuma. Zamani, alisema, hili lilikuwa soko, vibanda katikati, ng'ombe, ngano, kelele. Jina la sasa lilikuja baada ya mfalme wa Austria, Joseph, kupita hapa safarini. Na kuna miaka, alisema akishusha sauti, mtaa uliitwa kwa jina la yule aliyeleta vita. Hakulitaja, wala sikumwuliza.

Kila hatua chache alisimama. Mahali pengine aliinama kwenye vijiwe vya shaba vilivyochomekwa kati ya mawe, vyenye majina ya Wayahudi waliochukuliwa kutoka nyumba zile zile. Aliyasoma moja moja kwa sauti, kama anaita watu chakulani. Nilisahau posa. Nikasimama naye.

Tulipofika njia panda, ambapo tramu zinakatana na kuna sanamu ya mpanda farasi, mwanzilishi wa mji, akatuambia kwamba jioni moja ya vita ndege zilikuja, na mtaa wote huu ukawa kifusi. Kanisa kuu likabaki limesimama. Baba yake alikuwa mtoto. Watu waliporudi waliujenga pale pale, kwa upana ule ule wa nyumba za zamani, na wakaweka vibaraza vya matao ili mtu atembee bila kunyeshewa. Duka la brashi lilifunguliwa tena kwenye kibanda cha mbao.

"Babu yangu alizipanga zile kokoto mwenyewe," alisema. "Alipiga magoti wiki nzima."

Mimi nikawa namwangalia usoni. Alikuwa hatufukuzi. Mtu huyu alikuwa anatuonyesha kitu anachoogopa kukipoteza, na nikaanza kuhisi haya.

Sasa sikieni. Mitaa ya Freiburg ina vijifereji vya maji safi vinavyotiririka wazi pembeni, wanaviita Bächle. Papa Kalonji alikuwa anatembea kinyumenyume akitazama juu ya paa, na fimbo yake na suti yake ya maziwa, na mguu mzima ukazama. Chubwi! Kiatu kilijaa maji.

Bwana Walter akasimama. Midomo ikamtetemeka, kisha akacheka, akacheka mpaka akashika nguzo. Aliponiona nimeduwaa akaeleza: mgeni akitumbukia kwenye Bächle kwa bahati mbaya, lazima ataoa mtu wa Freiburg.

Nikamtafsiria Papa. Akainua mguu unaochuruzika.

"Tantine," akasema kwa hofu ya kweli, "hii maneno isifike kwa Mama Béa."

Karakana

Kwa ajili ya kile kiatu tulirudi dukani, na safari hii hatukupanda juu, tuliingia nyuma, karakanani. Bwana Walter akamketisha Papa kwenye kigoda, akamvua kiatu, akakijaza karatasi na kukisugua kwa brashi ya manyoya ya farasi. Kwenye kuta zilining'inia nyuzi za kila aina. Nikanusa kitu ninachokijua. Nikaenda moja kwa moja kwenye fungu jeupe kando ya dirisha, nikalishika.

"Huu ni mkonge!"

"Sisal," akasema. "Unaujua?"

Naujua! Nimezaliwa katikati ya mashamba yake. Mama yangu aliukata miaka na miaka, miiba ikimchoma, na mimi nikimpelekea uji. Nikamweleza. Akaacha kusugua kiatu. Akauchukua ule uzi akaupitisha vidoleni kana kwamba ni mara ya kwanza kuuona, kisha akanionyesha meza ndogo pembeni, yenye aproni na koleo. "Hapo anakaa Hanna. Tangu ana miaka minane."

Papa akasimama, mguu mmoja kiatu, mwingine soksi. Mshenga mzuri anajua wakati. Akanipa ishara nami nikafungua kitambaa na kutoa barua. Akasema kwa Kifaransa, na Bi. Ute aliyekuwa ameshuka kimyakimya akatafsiri: kwamba tumetoka mbali, tuna kijana, tumesikia katika nyumba hii kuna binti, na tumekuja kuomba.

Bwana Walter aliniangalia mimi. "Hili ni swali kweli?"

"Ni swali."

"Na nikisema hapana?"

"Tutaondoka na heshima yetu, na siku nyingine tutakuja tena kuomba."

Akaketi kwenye meza ya Hanna. Kisha akasema: "Hanna aliniambia kwenye simu, akiwa bado Amerika. Baba, ninaolewa, nahamia Amerika. Nami nilifurahi, kijana ni mzuri. Lakini hakuna aliyeniuliza. Ninyi mmevuka bahari kuja kuniuliza."

Bi. Ute alishindwa kutafsiri mara ya kwanza. Papa mwenyewe alitoa leso.

"Ninakubali," akasema Bwana Walter. "Sasa naomba na mimi niulize." Akaniinukia, akaniinamishia kichwa. "Hanna hataki kuondoka hapa. Anaondoka kwa sababu Elia anasema hawezi kumwacha shangazi yake, ndiye aliyemlea. Mimi baada yangu hakuna mtu wa kazi hii. Ninakuomba Elia. Waishi hapa."

Jamani. Nilikuja na kikapu kuomba mtoto wa mtu, na sasa nilikuwa naombwa wangu. Chumba chao nimeshakipaka rangi Beltsville, mnakijua, mlisaidia kupandisha kitanda. Nikamgeukia mshenga wangu. Papa akaniokoa.

"Kwetu," akasema, "jibu haitoke siku moja. Mama atalala nayo."

Tukapanda juu tukala keki, zote tatu. Sikusikia ladha hata moja.

Jumamosi asubuhi

Nilitoka hotelini peke yangu kabla maduka hayajafunguliwa. Mtaa ulikuwa na watu wachache, tramu moja, na jua limepiga kwenye saa ya lango. Nilikuwa na hasira, niseme tu. Nilikuwa nimejiandalia hotuba: kwamba nimemlea kwa zamu za usiku na mchana, kwamba sina mwingine, kwamba mzee huyu ana mke na duka na mtaa mzima, mimi nina Elia.

Nikamwona Elia kwa mbali. Amepiga magoti mbele ya duka, anasugua zile kokoto kwa brashi na maji ya kijifereji. Mama mmoja wa makamo akapita na baiskeli, akamwita kwa jina. Elia akajibu kwa Kijerumani, yule mama akacheka, wakaongea. Kisha mwenye duka la mkate akatoka na kumpa kifurushi bila kuombwa. Mtoto wangu anapiga soga mtaani! Miaka yote Beltsville sikuwahi kumwona akijua jina la jirani hata mmoja.

Aliponiona akasimama haraka kama mwizi. "Shangazi, sikukwambia kwa sababu sikutaka uone kama nakuacha—"

"Nyamaza. Umeacha kona ile haijasuguliwa."

Akanitazama, akapiga magoti tena akasugua. Nikageuka kutazama tramu ili asinione.

Bwana Walter aliposhuka kufungua mlango, nilikuwa nimejikaza. Nikamwambia nimelisikia ombi lake na sijalikataa. Lakini mtoto haombwi karakanani, dakika ileile, na mwombaji mmoja. Mimi nilitoka Beltsville nikaja mpaka mlangoni kwake, nina mshenga, nina barua. Yeye hajafika kwangu.

Nilidhani atacheka. Akatoa kalamu mfukoni. "Nilete watu wangapi?"

"Wazee wasiopungua wanne," nikamwambia.

"Na barua?"

"Kwa mkono wako."

Wameshakata tiketi. Wanakuja Bwana Walter, Bi. Ute, kaka mmoja wa Bwana Walter mwenye masharubu, na yule mwenye duka la mkate. Papa Kalonji amekataa katakata kuwa mshenga wao, anasema yeye ni wa upande wetu. Jibu langu nimeshalijua tangu pale kwenye kokoto, na nimelia nalo ndani ya ndege kutoka Frankfurt hadi Dulles, nikiwa naogopa na nikiwa nimefurahi. Lakini watakapoketi sebuleni kwangu watauliza ukoo wa Elia uko wapi, na hapa Maryland mimi sina kaka, sina mjomba, sina baba mdogo. Ni Jumamosi ya pili ya mwezi ujao, saa tisa. Naomba siku hiyo msichukue zamu, mje mkae upande wangu.